Ng'ombe wa Mahari

Asubuhi namkamua yule mwenye baka jeupe,
aliyekuja na wenzake tisa siku ya mahari yako, Nyemo.
Amezaa.
Maziwa nayamwaga nyuma ya zizi, mbwa wanafurahi.
Mama yako hasemi kitu.

Tangu Machi hatuna tena miezi, tuna siku kumi na nne.
Zikitimia tunatoka Mvumi usiku,
Damari na bahasha ya kaki kifuani,
tunafika mjini mahakama haijafunguliwa,
tunakaa benchi la pili, lenye msumari uliochomoza,
umeshamchania kanga mara mbili.
Mwendesha mashtaka anasimama,
anasema maneno sita ninayoyajua kama Baba Yetu:
*Mheshimiwa, upelelezi wa shauri hili haujakamilika.*
Basi. Tunarudi.

Upelelezi gani?
Majirani walisikia. Daktari aliandika.
Yona wako, miaka minne, alichora mchangani kwa kijiti
mahali baba aliposimama
na mahali mama alipolala.

Kitenge chako wanacho wao, ndani ya nailoni, kina namba.
Damari alimuuliza karani: mtanipa lini nikakifue?
Karani akaitazama kalamu yake.

Jumapili walikuja watu wa upande ule,
wazee watatu, ng'ombe wawili wa nyongeza,
kofia mkononi, adabu tele.
Wakasema damu ikimwagika haizoleki.
Wakasema tuyamalize nyumbani, sisi si ndugu?
Wakasema mtoto wa watu atafia gerezani.

Mtoto wa watu!

Niliingia ndani ya tembe, nikasahau kuinama,
boriti ikanipiga paji la uso.
Damari alikuwa anachambua mlenda. Hakuinua macho.
"Warudishie wote," alisema, "na uhesabu kwa sauti.
Wasije wakadai tumebaki na kwato."

Nikahesabu. Kumi, na wao wawili.
Ndama akamfuata mama yake njia nzima ya korongoni,
Yona akamlilia ndama,
na hapo, Nyemo, ndipo nami nilipolia,
mwanamume mzima, vumbi la ng'ombe usoni.

Zizi ni tupu. Upepo wa Ugogo unaingia na kutoka humo
kama mtu aliyepoteza funguo.

Kesho ni siku ya kumi na nne.
Nimeokota jiwe, liko mfukoni, si la kumpiga mtu.
Nitaugongomea ule msumari.
Tutakaa pale sana.