Kidude cha Kijani

Nilikinunua Brno, koruna mia sita,
kidude cha kubana, kidogo kuliko kidole gumba;
kinazijua nusu-toni zote kumi na mbili
na hakina undugu na yeyote.
Baba akakitazama kama mkwe asiyemtaka.
"Kinakunywa?" akauliza. "Kinalala wapi?"

Simbali letu lina nyuzi mia na ishirini na tano,
tatu tatu, nne nne, kila kundi noti moja,
na katika ukumbi wa Kyjov, mwezi wa Februari,
jiko likiwashwa tu, zote zinaasi.
Miaka arobaini Vendelín alizirudisha moja moja
kwa ufunguo na sikio la kushoto,
wageni wakimngoja na glasi mikononi.

Kisha sikio likaanza kufunga duka mapema.
Hakusema. Nilijua siku alipoacha kejeli,
akakibana mwenyewe kwenye ubao,
akainama kuchungulia taa:
nyekundu, chini mno; nyekundu, juu mno;
kijani,
na mabega yake yakashuka.
Watu wakasema, Vendelín bado yumo.

Jumamosi ya harusi ya Apolena
tulikuwa uzi wa sabini na tatu
kioo kilipozimika. Betri.
Maduka yamefungwa, bibi harusi yuko kanisani,
na mimi nina vidole vya fidla tu, sina sikio lile.

Akavua miwani.
Akafungua kinywa, akang'ata ukingo wa mbao
kama mtoto ang'atavyo meza asipoonwa,
akaniashiria: gonga.

Nikagonga. Nyuzi mbili zisizopatana
hutetema, wau, wau, wau, mbwa wa ng'ambo ya bonde;
kadiri zinavyokaribiana ndivyo mbwa anavyochoka.
Baba alimsubiri kwa meno.
Mkono ukakaza unywele mmoja, nusu ya unywele,
mpaka mbwa akalala.
Uzi uliofuata.
Uliofuata.

Kengele zilipolia alikuwa na mfereji mdomoni
na ladha ya vanishi, alinong'ona, kama dawa ya kikohozi.
Hakuna aliyegundua. Walicheza mpaka saa tisa usiku,
na shangazi wa bwana harusi akavunja kisigino.

Jumatatu nikaleta betri nne.
Akazihesabu, akazitia kwenye droo ya vijiko,
akasema, kwa sauti kubwa ya wasiojisikia:
"Kikifa tena, usiwe na haraka ya kuniambia."