Mcheza Kwao

Usiku wa tatu niligonga sakafu kwa mpini wa ufagio.
Huko chini mtu alikuwa akitwanga,
naapa, kinu na mchi, saa nne usiku,
Cincinnati, theluji imefika kwenye dirisha.
Kukawa kimya.
Kisha sakafu ikanijibu: ta-ka, taka-ta,
na kituo mahali nisipokitegemea.
Nikagonga tena. Pigo langu likarudi
limevishwa suti.

Asubuhi mwenye nyumba akapanda ngazi,
miaka themanini na mmoja, suruali ina mkunjo wa pasi,
sahani ya mkate wa mahindi mkononi.
"Ozell Pettiford. Pigo lako la tatu linachelewa."

Ndivyo nilivyopata habari zake, vipande vipande,
jikoni kwake, chai chungu, hita ikipiga chafya.

Mwaka wa hamsini na tatu stesheni ya kilimani
ilitaka mchezaji wa Jumanne, saa moja jioni,
baada ya tangazo la sabuni.
Aingie kwa mlango wa mapipa ya taka.
Asishikane mkono na mwimbaji wa kike.
Asiseme neno.
Miguu haikukatazwa, basi miguu ikasema
(fundi wa sauti, Stahlhut, mtu mnene mwenye haya,
alificha maikrofoni chini ya ubao
bila kumwomba yeyote ruhusa).

Barua zikavuka mto kutoka Kentucky.
Mdhamini akakohoa. Mkurugenzi akapata dawa:
kamera isipande juu ya magoti.
Miaka miwili, hebu fikiri, miaka miwili
bonde zima la Ohio likala chajio
likitazama viatu visivyo na mwenyewe.
Mama yake, Bi Lutie, kwa jirani mwenye runinga,
alikigusa kioo kwa kidole chenye unga:
"Huyu wangu. Ule wa kushoto unaingia ndani,
aliuvunja ana miaka sita, kwenye mti wa tufaha
ambao haukuwa wetu."

Nilimuuliza, ukavumilia vipi?
Akamimina chai. "Nilikuwa nanunua nyumba hii."

Halafu Jumanne moja ya Novemba,
matangazo mubashara, bendi imekolea,
akasimama katikati ya pigo
akainama kufunga kamba ya kiatu.
Kamba ilikuwa imefungwa.
Uso ukateremka polepole mpaka ndani ya picha,
paji, nyusi, pua, meno yote,
ukakaa hapo sekunde nne
ukiwatazama watu na vijiko vyao.
Kisha ukapanda ulikotoka, na miguu ikaendelea
pale pale ilipoachia.

Simu zililia hadi usiku wa manane.
Waliotukana walikuwa wengi. Waliouliza jina lake
waliwazidi kwa kumi na saba;
katibu, binti aitwaye Dorcas Weddle, alizihesabu kwa penseli
na hakukubali kuhesabu upya.
Wiki iliyofuata kamera ikapanda. Jina likaandikwa chini,
limekosewa herufi.
Miaka tisa likakosewa vilevile.

Kanda? Zilifutwa,
wakarekodia juu yake utabiri wa mvua.

Akanionyesha ubao, chumba cha chini, karibu na boila:
mashimo mawili kama sahani za kina kifupi,
la kushoto limepinda.
Nikamwambia, kwetu husema mcheza kwao hutunzwa.
"Hutunzwa maana yake nini?"
Watu huinuka, nikasema, wakambandika noti pajini.
Akafikiri. "Na kwao ni wapi?"
Nilikuwa na shahada mbili. Sikuwa na jibu.

Nikalamba noti ya dola tano
nikambandika.
Alicheza nayo, kichwa hakitikisiki,
miguu tu ikifanya fujo kule chini,
na noti haikuanguka mpaka alipoinama
kufunga kamba iliyokwisha kufungwa.
Akaiokota, akaikunja mara nne,
akaitia ndani ya kiatu cha kushoto
ambako, alisema, pamebaki nafasi tangu ule mti.

Kodi ya Machi nililipa yote.