Kalamu Nyekundu

Duluth, Aprili. Ziwa bado limefungwa barafu kifuani,
na mama ametenga kahawa asiyeinywa mtu.
Barua mbili mezani. Dada yangu Sylvi
amezilaza sambamba, kama wagonjwa wodini,
anangoja nivue buti.

Nimetoka zamu. Usiku kucha nimesukuma theluji
kwa gari la manispaa, toka kilimani hadi bandarini,
na alfajiri ikaanguka tena
pale pale nilipoanzia.
Ndivyo ulivyo mkopo wangu, ila hilo sikulisema.

Nilisema: nipe kalamu nyekundu.

Barua ya kwanza ina muhuri wa dhahabu.
Hongera, inasema, tumekutunuku msaada
wa dola elfu ishirini na nane kwa mwaka.
Mama alilia. Alimpigia shangazi Verna,
akawaambia na watu wa kanisani.
Mimi nikaichambua kama mchele wenye changarawe.
Elfu kumi na moja na mia tano, ruzuku: hiyo zawadi, ibaki.
Elfu mbili na nusu, kupanga vitabu maktabani:
hilo jasho lako, wameliita neema.
Elfu tano na nusu, mkopo, jina lako.
Elfu nane na nusu, mkopo, jina la mama,
ambaye magoti yameisha kwa kusimama dukani.
Kukopa harusi, kulipa matanga;
na bado kuna elfu sita na mia mbili
ambazo barua haikuzitaja kabisa.

Mama akainuka kuosha kikombe kilichokuwa safi.

Barua ya pili nyembamba. Chuo cha hapa hapa,
uuguzi, kitanda kile kile cha nyumbani.
Hospitali zinatangaza nafasi hata kwenye mabango ya barabarani.
Hesabu inafunga.
Sylvi alizimia mbwa wetu alipong'oka ukucha.

Anachotaka ni mawe.
Tangu ana miaka sita hurudi ufukweni mifuko imechanika,
hulamba akiki ili mistari ijitokeze,
hukuambia: hili lilianza kwa moto, kisha maji,
kisha kungoja.
Nimeuliza wanajiolojia hulipwa nini.
Vizuri, migodi ikiwa macho.
Na sisi tunajua mgodi ukilala unavyokoroma:
babu aliusikiliza miaka saba, jikoni, mikono mapajani.

"Na wewe?" akaniuliza. "Ungechagua tena?"

Nilisomea taa za jukwaani.
Mwaka wa tisa huu nalipa, kila tarehe tatu,
dola mia mbili themanini na saba,
na deni linanitazama kama paka aliyeshiba.
Jibu lilikuwa rahisi. Lilikuwa mdomoni.
Lakini kuna usiku mmoja, mwaka wa tatu,
nilileta mapambazuko juu ya jukwaa tupu,
dakika nne, taratibu, kwa kidole kimoja,
na watu mia mbili wakasahau kukohoa.
Sijui kitu hicho huandikwa safu ipi.

Basi nikasema yale yanayosemeka.
Waandikie, waombe ruzuku iongezwe,
waeleze mama alipunguziwa saa za kazi Januari.
Au mwaka wa kwanza usome hapa, kwa bei ya hapa;
kemia ni kemia, haina muhuri.
Mkopo wa mama ukatae, hata wakikubembeleza.
"Wakigoma?"
Wakigoma, tutakaa tena mezani.

Akatoa akiki mfukoni, akaibandika juu ya barua,
ingawa madirisha yamefungwa na upepo haukuwepo.
Sikuona ni barua ipi iliyokuwa juu.

Mama, mgongo wake kwetu, akasema:
"Mimi napenda ile ya mawe."
Kisha akafungulia bomba kwa nguvu,
tusipate kumjibu.