Herufi Sita

Januari ni mwezi wangu wa majina.
Soko la Kariokor, kibanda cha tatu ukiwapita wasusi wa vyondo,
cherehani inakohoa tangu alfajiri
na masweta yamelala mapajani mwangu kama paka:
la kijani, la buluu, la damu ya mzee.

Shilingi tano kila herufi.
Ndiyo maana mama mmoja wa Ziwani
alimkata Nasimiyu akabaki Nasi,
akaniambia, "Hayo mengine malizia kichwani."
Nasi. Yupo nasi.
Sikumtoza hata hizo nne.

Vuli haikuja mwaka huu.
Mifereji inatoa pumzi badala ya maji,
nami nimeshinda nikishona mvua.
Mumbua ni mvua, hiyo naijua kwa mama.
Akoth, mvua. Nafula, mvua.
Cherop alizaliwa mabati yakipigwa huko Kapsabet.
Wambura, mvua tena. Roble wa Eastleigh,
babake alinieleza huku akihesabu sarafu: mvua.
Na Varsha wa duka la vitambaa Ngara,
nyanyake akacheka hadi miwani ikamdondoka,
"Kumbe ni nyote? Hata huyu wetu!"
Darasa moja, wingu zima,
na sina tone la kulowesha ncha ya uzi
ila mate yangu.

Waliouita mji huu maji baridi
hawakutuachia risiti.

Na soko lenyewe:
wapagazi wa vita vya wenyewe,
waliobeba risasi na unga mpaka migongo ikasahau kunyooka,
kikosi chao kikatafunwa na ndimi za nyumbani
hadi kikawa Kariokor.
Jina la kundi limebaki, lina hata kituo cha basi.
Ya mmoja mmoja,
nani aliyalipia herufi?

Jumanne alikuja Mama Opiyo.
Miaka minne ananiletea masweta mawili:
Opiyo, aliyetoka mbio,
na Odongo, aliyebaki nyuma dakika kumi
kana kwamba anatafuta viatu.
Walikuwa wakigombania hadi uzi.
Safari hii aliweka mezani sweta moja.
Nikangoja la pili.
Alitazama mikono yangu, si uso.
"Ni hilo tu," akasema. "Andika Odongo."

Jina hilo nimelishona mara nne.
Lilikuwa la mchezo, la mtoto mzito wa kuamka.
Sasa sindano ilishuka kwenye O
nalo likageuka likanitazama:
aliyebaki.

Jirani yangu muuza vifungo alitaka kumsalimu,
akafungua mdomo, "Mama...",
akaufunga.

Mimi ni Kasyoka. Aliyerudi.
Kabla yangu palikuwa na msichana, homa, mkeka mmoja.
Nilipozaliwa wakanivika jina kama sweta la kurithi,
na tangu hapo watu hunishika mabega
wakipima kama linanikaa.
Hakuna aliyewahi kuniuliza
kama kweli nilikuwa nimekwenda mahali.

Sikumwambia hayo.
Nilimwambia ni thelathini,
kisha nikasema acha tu,
naye akalipa, maana alitaka kulipa:
sarafu sita, moja moja,
kila moja akiibonyeza mezani kwa kidole
kama mtu anayefundishwa kusoma.

Upande wa ndani, panapogusa kifua,
niliacha uzi mrefu bila kuukata.
Atauvuta darasani siku ya kwanza, wote huuvuta.
Avute.
Nimeupiga mafundo mawili.