Jiwe Nyuma ya Jengo la Tatu

Kanazawa, alfajiri. Theluji yenye majimaji.
Navua viatu, navaa vingine; navua koti, navaa jingine;
mlango wa pili haufunguki mpaka wa kwanza ujifunge.
Ndani tumewageuzia siku:
taa nyeupe huwaka watu wakilala,
na mchana, tunapowataka macho, twawasha nyekundu,
rangi wasiyoiona.
Wao hudhani ni giza.
Mimi nawaona.

Miaka ishirini na sita nabadilisha maranda.
Mume wangu alikuwa seremala, nasi tulinuka sawa,
hata majirani wakidhani namsaidia kazi.
Sikuwasahihisha.

Wahenga walinena: panya wengi hawachimbi shimo.
Hawa hawakupewa hata udongo.
Chini yao plastiki, nao huchimba vivyo hivyo,
usiku kucha, kwa kucha zao nyeupe,
pembe ile ile, pasipo na kitu.

Kuwapa majina ni marufuku; masikio yao yana matundu,
na matundu ndiyo hesabu.
Lakini mmoja nilimwita Figili,
kwa weupe wake na unono,
nikalitamka jina ndani ya barakoa tu.

Figili ukimtekenya kwapani, hucheka.
Kicheko chao ni chembamba, hakiingii sikioni mwa mtu;
Isogai, mwanafunzi wa mwaka wa pili, alileta mashine
ikakichora kwenye skrini: vilima, vilima, vilima.
Akatabasamu kama mtoto. Kisha akauliza,
"Na wakilia, inaonyesha?"
"Inaonyesha," nikamwambia.
"Ila wakati huo huwa imezimwa."

Mama yangu ana miaka themanini na tisa.
Kila asubuhi kidonge, nusu cheupe, nusu manjano,
na moyo wake, ule mkaidi, unakubali kupiga.
Namshikia glasi nikijiuliza ni wangapi
waliomeza kabla yake, wakafunguliwa, wakapimwa.
Sijawahi kuumaliza ule mjadala.
Kila nikikaribia kuwalaani wenye makoti meupe
(nami nina langu, limening'inia mlangoni)
mama huita: chai imepoa.

Ijumaa zilihitajika figo.
Kwenye karatasi hatuandiki kuua.
Twaandika: mwisho wa jaribio.
Mikono ya Isogai ilitetemeka,
na panya huijua mikono, basi nikamshika mimi.
Figili akanusa mkono wa koti langu,
akajilegeza, akanyanyua mguu wa mbele.
Alidhani namtekenya.

Nikamtekenya.
Kidogo.
Kisha nikafunga kifuniko, nikafungua gesi,
nikatazama saa ukutani kama ulivyo utaratibu.

Novemba tunakusanyika nyuma ya jengo la tatu,
penye jiwe refu lisilo na jina la mtu.
Mtawa anasoma; pumzi yake inaonekana.
Profesa Kuramochi anainama, anataja idadi:
panya elfu tatu mia mbili na kumi,
sungura arobaini, nguruwe sita.
Nyani mmoja. Hapo sauti inamkwama,
au ni baridi tu.
Tunashukuru. Tunaomba radhi.
Kila mtu anaweka ua jeupe,
nami nakung'uta kiganja cha chakula kilekile cha gunia,
maana ndicho walichokizoea.
Jumatatu gari litaleta masanduku mengine,
yenye matundu ya hewa.

Wote wamerudi ndani. Nimebaki na ufagio.
Kutoka mtaroni ametokea mmoja wa kijivu,
mkia una kovu, masikio mazima, hayana hesabu.
Amepanda juu ya jiwe, ameketi kati ya maua,
anakula sadaka ya ndugu zake, chembe kwa chembe,
akinitazama.

Kazi yangu ni kumfukuza.
Theluji inashika kwenye nywele za ufagio.
Bado anakula.