Viti Kumi na Vinne

Saa tatu kasoro robo meli imekwisha kuwatapika gatini,
nami nimesimama na kibao changu:
BUSTANI NA NGOME, NUSU SIKU.
Jina langu Ionie Cupid. Nacheka kabla hawajacheka.
Gari ni langu na la benki,
viti kumi na vinne, kimoja hakilali,
na kiyoyozi hukubali tukiteremka tu.

Leo mbele kakaa Jevorn, mjukuu wangu.
Shule imefungwa, vyoo vimefurika.
Nimemwambia, ukae kimya kama mzigo.
Hata hakuitikia. Mzigo hauitikii.

Bustani kwanza.
Vunjeni jani, nawaambia, nuseni: mdalasini.
Hili tunda lililopasuka lenye wekundu ndani: kungumanga.
Wanafumba macho, kila mmoja
anarudi jikoni kwa mama yake, bila nauli.
Kasuku tunduni anawatukana kwa lugha yake
nao wanampiga picha.

Kisha mshelisheli. Hapa sauti yangu hushuka,
maana sauti ikishuka, bahashishi hupanda.
Miche ilivuka dunia melini, nasema,
ikanyweshwa kabla ya mabaharia,
ije iwalishe watumwa kwa bei ya chini.
Bwana mmoja wa kaptula ya maua anauliza
kama shelisheli linafaa kwa siagi.
Linafaa, nasema. Na chumvi kidogo.
Sisemi kwamba walioletewa walilisusa miaka,
wala kwamba marehemu mama alilichoma kwa kuni
mpaka ganda likawa jeusi tii,
akanikatia kipande cha katikati, mimi peke yangu,
siku niliyofeli mtihani.
Hiyo haimo katika bei.

Halafu kilima, honi kila kona, hadi ngomeni.
Daima yupo mmoja atakayeuliza, nami humngoja:
"Mbona mizinga inatazama milimani,
na adui huja kwa bahari?"
Kwa sababu mpiga mzinga, najibu,
mkwewe alikaa kule juu!
Wakacheka. Wakicheka, hapohapo naongeza kwa haraka,
kama mtu anayefagia uchafu chini ya jamvi:
wenyeji walikuwa milimani, wakapigana, mwishowe waliondoka.

"Waliondolewa," ukasema mzigo wangu.

Alitoa silabi moja, akatia mbili. Basi.
Nikamkata jicho. Hakukatika.
"Mwalimu katuonyesha kwenye ramani. Kile pale, Balliceaux.
Hakina mto. Waliwekwa pale, wakahesabiwa.
Meli ilipokuja kuwapeleka mbali, wakahesabiwa tena.
Walibaki kama nusu."

Nusu.
Neno hilo hilo lililo kwenye kibao changu.

Mama mmoja alivua kofia, akaivaa, akaivua.
Bwana wa kaptula akampa Jevorn peremende,
akaipokea kwa mikono miwili kama nilivyomfunza,
akaitia mfukoni.
Upepo ulikuwapo. Mbuzi alikuwapo, juu ya mzinga, akicheua.
Nikatazama saa yangu, ambayo tangu Krismasi imesimama.

Kushuka mlima hakuna aliyesema kitu,
na kiyoyozi, mwana haramu, kilifanya kazi vizuri.

Gatini nilihesabu bahashishi:
pungufu ya jana.
Ila noti moja kubwa, imekunjwa mara nne
hadi ikawa ndogo kama kucha,
sijui ya nani, sijui ya nini.

Meli ya pili hushusha saa saba.
"Nibaki nyumbani?" akauliza Jevorn.
Nikamnunulia mkate wa samaki, nikasema, panda.

Mdalasini. Kungumanga. Kasuku akatukana.
Chini ya mshelisheli nilisahau kushusha sauti.
Ngomeni akajitokeza yule mmoja, safari hii binti
mwenye mafuta ya jua puani:
"Mbona mizinga inatazama huko?"
Utani ulinijia ulimini, umekwisha kuvaa viatu.
Nikamtazama Jevorn.
Alikuwa anatazama bahari, anamung'unya peremende,
kimya kama mzigo.

Wali-, nikaanza.