Hicho Kiache

Kazi yangu ni kutia vioo vya magari mjini Écija,
mji ambao Wahispania wenyewe wanauita kikaango,
na mwezi wa nane simu yangu hailali.
Waliovunjiwa na wezi nawajua kwa sauti:
hutukana kwanza, ndipo hutoa anwani.
Wale wengine hunyamaza kidogo,
halafu husema, "Kioo cha nyuma. Upande wa kulia,"
nami siulizi nani alikivunja.

Nafika. Nafungua mlango.
Vipande vimetapakaa kitini kama chumvi ya mawe,
na katikati yake, manyoya.
Kioo kilichopona ndicho kinachosema:
michirizi ya pua, juu kwa chini, chini kwa juu,
ute uliokauka,
mpira wa mlango umetafunwa hadi kwenye bati.
Na daima, pale juu, upenyo wa vidole viwili.
"Nilimwachia hewa," huniambia.

Vidole viwili!
Pitisha wewe pumzi yako hapo,
umevaa koti la manyoya usiloweza kulivua,
huna jasho ila kwenye nyayo,
huna feni ila ulimi.

Siku moja, nikisubiri gundi ya kioo cha mbele ikauke
kwenye gari la jirani,
niliweka kipimajoto ndani ya gari langu, chini ya kiti,
nikafunga milango yote.
Nje, kivulini, thelathini na nne.
Nikavuta sigara, nikampigia mama simu,
mama akaanza habari za goti lake.
Alipofika goti la pili
ilikuwa hamsini na moja.

Don Anselmo, wakili, alibishana nami juu ya bei
kana kwamba mimi ndiye niliyeshika nyundo.
"Dakika tano," alisema. "Foleni ya benki tu."
Tiketi ya maegesho ilikuwa bado pale mbele, imejikunja kwa jua:
saa tano na dakika kumi na mbili.
Polisi waliitwa saa sita kasorobo.
Watu wana saa mkononi,
lakini dakika zao ni za mpira.
Mbwa wake alipona, ila hapandi tena garini;
hubebwa, akitetemeka.
Naye Don Anselmo hadi leo anamdai yule binti wa duka la mikate
gharama ya kioo.

Lakini nilitaka kusema habari za Mwalimu Visitación.
Alitufundisha jiografia. Yeye ndiye aliyetuchorea ubaoni
jinsi joto la jua linavyopenya kioo
lisipate njia ya kutokea.
Alikwenda duka la dawa kununua matone ya masikio,
masikio ya mbwa huyo huyo, Trufa, jike la kahawia la miaka tisa.
Mzee mmoja akazimia mbele yake kwenye foleni.
Mwalimu akamshika mkono, akampepea kwa gazeti,
hadi gari la wagonjwa likaja.
Yule mzee alipona.

Uchochoro ule hakupita mtu.
Kioo alikivunja mwenyewe, kwa jiwe,
na ufunguo ulikuwa mkononi mwake.

Hakubishana juu ya bei.
Nilipomaliza kutia kipya nikatoa kitambaa na sabuni,
ndiyo desturi yangu, nikageukia kile cha upande wa pili.
Akanishika kiganja.
"Hicho kiache."
Palikuwa na alama ya pua, duara dogo,
na ukungu wa pumzi uliokaukia pembezoni.
Majuto ni mjukuu, husemwa, huja kinyume;
yake yalikuwa yameketi kiti cha nyuma.

Ni miaka mitatu sasa. Gari lile linang'aa kote
isipokuwa kioo kimoja.

Nami, ninayekula kwa vioo vya wenzangu,
kila mwezi wa nane natembea na nyundo kiunoni,
nachungulia magari nisiyohusika nayo.
Nimevunja vitatu.
Kimoja nilikirudishia bure.
Viwili niliwatoza kamili, na kodi juu yake.